Robert Wangila: Kutoka Ngumi za Ridhaa hadi Ngumi za Kulipwa

Orodha ya Wakenya waliotwaa medali za dhahabu katika Michezo ya Olimpiki ni orodha ya wakimbiaji. Inaanza na Naftali Temu, aliyeshinda mbio za mita 10,000 kule Mexico mwaka 1968, na tangu wakati huo imeendelea kurefuka kwa majina ya wanaume na wanawake waliozitegemea pumzi na miguu yao. Katikati ya orodha hiyo limekaa jina moja la peke yake, jina ambalo halikutokana na mbio hata kidogo. Ni jina la Robert Napunyi Wangila, bondia wa uzani wa welta, aliyepata dhahabu yake jijini Seoul, Korea Kusini, mwaka 1988. Miaka sita baadaye alifariki dunia mjini Las Vegas, Marekani, akiwa na umri wa miaka 26. Baina ya dhahabu hiyo na kifo hicho kuna uamuzi mmoja wa kuacha ngumi za ridhaa na kuingia ngumi za kulipwa, nao ndio ulioyagawa maisha yake pande mbili zisizofanana.

Wangila alizaliwa Nairobi tarehe 3 Septemba 1967. Alikulia katika kipindi ambacho ndondi zilikuwa miongoni mwa michezo iliyoipa Kenya fahari kubwa. Alipokuwa na mwaka mmoja tu, Philip Waruinge alirejea kutoka Mexico na medali ya shaba pamoja na Kombe la Val Barker, tuzo ambayo hupewa bondia aliyeonyesha ufundi bora kuliko wote katika mashindano ya Olimpiki. Mwaka 1972, jijini Munich, Waruinge alipata fedha, nao Samuel Mbugua na Richard Murunga wakapata shaba. Inafaa kukumbukwa kwamba Murunga alipigana katika uzani wa welta, uzani uleule ambao Wangila angekuja kuutawala.

Kisha likaja pengo. Mwaka 1976 Kenya ilikuwa miongoni mwa nchi za Afrika zilizosusia michezo ya Montreal, kwa sababu timu ya raga ya New Zealand ilikuwa imezuru Afrika Kusini ya ubaguzi wa rangi. Mwaka 1980 ikasusia tena, safari hii michezo ya Moscow, kutokana na uvamizi wa Afghanistan. Kizazi kizima cha mabondia kiliikosa Olimpiki kikiwa katika ubora wake. Aliyeumia zaidi ni Stephen Muchoki, bingwa wa dunia wa ngumi za ridhaa wa mwaka 1978 katika uzani wa chini kabisa, ambaye kwa haki angekwenda Moscow akitarajiwa kurudi na dhahabu. Mlango ulipofunguliwa tena jijini Los Angeles mwaka 1984, ni Ibrahim Bilali aliyerejea na shaba. Kwa hiyo Wangila hakuzuka tu. Alikuwa tunda la shule ndefu iliyofundishwa katika kumbi za mitaa ya mashariki ya Nairobi na katika vilabu vya jeshi, polisi, magereza na mashirika ya umma.

Hapa wanafunzi wa Kiswahili wana jambo la kulitazama kwa makini. Lugha yetu imeugawa mchezo huu kwa majina mawili: ngumi za ridhaa na ngumi za kulipwa. Neno ridhaa, lenye asili ya Kiarabu, lina maana ya kukubali kwa hiari, kuwa radhi. Bondia wa ridhaa ni yule aliyekubali mwenyewe kupigana pasipo kudai ujira. Ni jina zuri, lakini linaficha jambo fulani. Linamchukulia bondia kana kwamba ana riziki nyingine mahali pengine na amekuja ulingoni kwa mapenzi tu. Hali halisi ya vijana wengi waliojifunza ndondi Nairobi ilikuwa tofauti: ngumi ndiyo iliyokuwa njia ya kupata ajira katika kikosi au shirika, na ajira hiyo ndiyo iliyowalisha ili waendelee kupigana. Kanuni za ridhaa zilikataza malipo ya mapambano, ila hazikukataza njaa. Ridhaa ya mtu asiye na njia nyingine ni ridhaa ya aina gani? Swali hilo linafaa kubaki akilini tunapoyafuatilia maisha ya Wangila.

Mwaka uliomtambulisha kwa taifa ni 1987. Kenya iliandaa Michezo ya Afrika, na uwanja mpya wa Kasarani ukafunguliwa. Wangila alishinda dhahabu ya uzani wa welta, akiwa mmoja wa mabondia wa timu ya taifa waliojikusanyia medali nyingi za dhahabu mbele ya mashabiki wa nyumbani. Ulikuwa mwaka wa neema katika michezo. Mwezi Desemba mwaka huohuo, klabu ya Gor Mahia ilitwaa Kombe la Washindi barani Afrika baada ya kutoka sare mara mbili na Esperance ya Tunisia na kunufaika na mabao ya ugenini. Klabu hiyo inabeba jina la Gor, mganga mashuhuri wa Kanyamwa, ambaye simulizi za Waluo zinasema alikuwa na uwezo wa kujigeuza umbo awaponyoke maadui. Katika iliyokuwa wilaya ya South Nyanza, ambayo baadaye ilizaa Homa Bay na Migori, furaha ya mwaka ule ilikuwa maradufu: jina la mwana wa huko lilikuwa limebeba kombe la bara zima, na vijana wa Nairobi walikuwa wametamba ulingoni. Kutoka ufuo wa Ziwa hadi mpakani Isebania, habari za michezo zilifika kwa redio, na kwa wengi Kiswahili cha redio ndicho kilichowapa maneno ya kuzungumzia konde, raundi na refa.

Seoul ilifuata Septemba 1988. Wangila alikuwa ametimiza miaka 21 wiki mbili tu kabla ya michezo kufunguliwa. Mashindano ya ndondi ya mwaka ule yanakumbukwa zaidi kwa aibu kuliko kwa ufundi. Bondia mmoja wa Korea, Byun Jong-il, alikaa ulingoni kwa zaidi ya saa nzima akipinga kushindwa. Katika fainali ya uzani uliopakana na ule wa Wangila, Mmarekani Roy Jones alimtwanga Park Si-hun wa Korea kwa raundi zote tatu, kisha majaji watatu kati ya watano wakampa Park ushindi. Kashfa hiyo ilichangia kuletwa kwa mashine za kuhesabu pointi katika Olimpiki ya 1992. Katika hali kama hiyo, bondia kutoka nchi isiyo na sauti katika mabaraza ya michezo hakuwa na sababu ya kuwategemea majaji.

Wangila hakuwategemea. Katika fainali alikutana na Laurent Boudouani wa Ufaransa, kijana mwenye mkono mwepesi na mustakabali mkubwa. Pambano halikufika raundi ya tatu. Katika raundi ya pili Wangila alimwangusha kwa nokauti, na majaji hawakupata nafasi ya kuandika chochote cha maana. Alikuwa bondia wa kwanza mweusi kutoka barani Afrika kutwaa dhahabu ya Olimpiki. Mwenzake Chris Sande alipata shaba katika uzani wa kati. Kenya ilirudi na dhahabu tano: nne za Paul Ereng, Peter Rono, John Ngugi na Julius Kariuki katika riadha, na ya tano ya Wangila.

Baada ya shangwe likaja suala la riziki. Medali ya Olimpiki haikuandamana na fedha kutoka kwa waandalizi, na wakati huo haukuwepo utaratibu wa taifa wa kumhakikishia mshindi maisha yake. Mkimbiaji aliyepata dhahabu aliweza kualikwa Ulaya kukimbia katika mashindano ya majira ya joto na kulipwa, kwa kuwa riadha ilikwisha kulegeza masharti yake. Bondia hakuwa na njia hiyo ya katikati. Ama abaki katika ridhaa asubiri Olimpiki nyingine kwa miaka minne, ama avuke. Na kuvuka kulikuwa kwa safari moja tu, kwani aliyepigana kwa malipo hakuruhusiwa kurudi Olimpiki.

Hali hii haikuwa ya ndondi peke yake. Wapenzi wa raga wanaijua vyema. Mwaka 1895, vilabu vya kaskazini ya Uingereza vilijitenga na chama cha raga kwa sababu vilitaka kuwafidia wachezaji wao, wengi wakiwa wafanyakazi wa migodi na viwanda, kwa siku walizokosa mshahara. Huo ukawa mwanzo wa raga mbili: ile ya wachezaji 15, iliyong'ang'ania ridhaa, na ile ambayo baadaye ilikuwa ya wachezaji 13, iliyolipa. Walioumizwa sana na mgawanyiko huo ni Wawelshi. Wales ilikuwa nchi ya makaa ya mawe iliyoipenda raga ya wachezaji 15 kupita kiasi, lakini vijana wake maskini walipotolewa fedha na vilabu vya kaskazini waliondoka, na walipoondoka walifungiwa milango ya nyumbani. Jim Sullivan aliondoka Cardiff kwenda Wigan mwaka 1921 akiwa bado kijana, akawa miongoni mwa wachezaji wakubwa wa raga ya kulipwa, lakini raga ya kwao haikumtambua tena. Jonathan Davies, nyota wa timu ya taifa ya Wales, alivuka kwenda Widnes mwezi Januari 1989. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 Mkenya Edward Rombo naye alipita njia hiyohiyo, akaichezea klabu ya Leeds katika raga ya wachezaji 13.

Mwaka aliovuka Davies ndio mwaka aliovuka Wangila. Mmoja alihama ndani ya kisiwa kimoja. Mwingine alihamia Las Vegas, jangwani Nevada, mji ambao uchumi wake umejengwa juu ya kamari na ambamo ndondi ni kivutio cha hoteli. Yamkini alitambua hatari. Waliomtangulia walikuwa wamekwisha kuonja uchungu na utamu wa njia hiyo. Waruinge alikwenda Japani kupigana kwa malipo, asipate ubingwa wa dunia. Muchoki alipitia Denmark, na alipopata nafasi ya kuwania ubingwa mwaka 1983 akashindwa na Santos Laciar wa Argentina. Kwa upande wa Uganda mambo yalikuwa na nuru zaidi: Ayub Kalule, naye kupitia Denmark, alikuwa bingwa wa dunia mwaka 1979, na John Mugabi, aliyepata fedha Moscow katika uzani wa welta, alitwaa ubingwa wa dunia mwaka 1989, mwaka uleule wa safari ya Wangila. Kijana mwenye dhahabu mkononi alikuwa na kila sababu ya kujiona wa aina ya Mugabi.

Lakini ngumi za kulipwa, ingawa huchezwa juu ya ulingo uleule, ni mchezo mwingine. Katika ridhaa ya wakati ule bondia alipigana raundi tatu za dakika tatu, akiwa na kofia ya kinga kichwani. Dakika tisa kwa jumla. Nguvu za mwanzo na konde moja zito viliweza kumaliza kazi, kama ilivyokuwa Seoul. Katika ngumi za kulipwa kofia haipo, na pambano huweza kufika raundi kumi au kumi na mbili. Hata hizo kumi na mbili ni matokeo ya msiba: mapambano ya ubingwa yalikuwa ya raundi 15 hadi Duk Koo Kim wa Korea alipofariki baada ya pambano lake na Ray Mancini, huko huko Las Vegas, mwezi Novemba 1982. Bondia wa kulipwa hana budi kujifunza kuficha nguvu, kupumzika akiwa amesimama, kupokea konde bila kuyumba. Aidha, ujira wake hugawanywa kabla haujamfikia. Meneja huchukua sehemu inayoweza kufika theluthi, mkufunzi huchukua yake, na mwandaaji wa pambano ndiye anayeamua nani apigane na nani, lini na kwa bei gani. Mgeni asiye na mashabiki wa kununua tikiti huwa na sauti ndogo mno katika mapatano hayo.

Rekodi ya Wangila katika ngumi za kulipwa inaonyesha bondia mzuri ambaye hakufika kileleni. Kwa takriban miaka mitano alipigana mara 27, akashinda 22, kati ya hizo 16 kwa nokauti, akashindwa mara tano. Kwa kipimo cha kawaida hiyo ni kazi ya kuheshimika. Mkono ulioiangusha Ufaransa Seoul haukupoteza uzito wake. Hata hivyo, hakupata kuwania ubingwa wa dunia. Wenzake wa Seoul walikuwa wakipaa: Lennox Lewis, Riddick Bowe na Roy Jones walikuwa au walielekea kuwa mabingwa wa dunia. Boudouani mwenyewe, aliyeinuliwa kutoka sakafuni mwaka 1988, alikuja kutwaa ubingwa wa dunia wa WBA mwaka 1996 na kuushikilia hadi 1999. Ni vigumu kudai kwamba aliyeshindwa Seoul alikuwa na kipaji kuliko aliyeshinda. Boudouani alirudi nyumbani Ufaransa, nchi yenye watazamaji, runinga na fedha za kumlea bondia hatua kwa hatua hadi ukomavu. Wangila hakuwa na nyumbani pa namna hiyo. Soko la ngumi za kulipwa nchini Kenya lilikuwa dogo mno kumlisha bingwa wa Olimpiki.

Tarehe 22 Julai 1994, katika hoteli ya Aladdin mjini Las Vegas, Wangila alipanda ulingoni kupambana na David Gonzalez. Halikuwa pambano la ubingwa wa dunia. Lilikuwa mojawapo ya yale mapambano ya kati ambayo bondia hukubali ili jina lisisahauliwe na kodi ya nyumba ilipwe. Raundi zilikwenda, makonde yakamwingia, na katika raundi ya tisa mwamuzi akalisimamisha pambano. Wangila alilalamika. Aliona amenyimwa nafasi ya kuendelea. Alitoka ulingoni kwa miguu yake, akafika chumba cha kubadilishia nguo, na huko akapoteza fahamu.

Madaktari wanaeleza vyema kinachotokea katika hali kama hiyo. Kichwa kinapopigwa mara nyingi, ubongo husukwasukwa ndani ya fuvu, na mishipa midogo ya damu iliyo kati ya ubongo na utando wake huweza kukatika. Damu huvuja polepole. Kwa muda mfupi mtu huweza kusimama, kuzungumza, hata kubishana na refa, huku shinikizo likiongezeka ndani. Kofia ya kinga, kwa kweli, huzuia zaidi majeraha ya ngozi kuliko mtikisiko wa ubongo, kwa hiyo isingekuwa haki kusema kwamba kofia ndiyo ingemwokoa. Kilichokuwa tofauti na Seoul ni wingi wa raundi. Katika ridhaa angekuwa amemaliza kazi raundi sita mapema. Alifanyiwa upasuaji, lakini tarehe 24 Julai akafariki.

Mwili uliporejeshwa Kenya, msiba ulizaa mzozo. Ilisemekana kwamba marehemu alikuwa amesilimu, na upande mmoja ukataka azikwe kwa taratibu za Kiislamu. Upande mwingine, wa waliomzaa na kumlea, haukukubali. Maziko yakacheleweshwa. Wakenya walikuwa na kumbukumbu ya karibu ya jambo linalofanana na hilo. Mwaka 1987, wakili S. M. Otieno alikaa bila kuzikwa kwa zaidi ya siku 150 huku mjane wake na ukoo wa Umira Kager wakivutana mahakamani. Kesi ile ilihusu mila ya Waluo na ndoa ya kisasa, na iligusa kila boma la Nyanza. Mzozo wa Wangila ulihusu dini, lakini chini yake palikuwa na swali lilelile la nani mwenye haki juu ya mtu aliyeondoka kwao akawa mtu wa kwingine. Kuvuka kwake hakukuwa kwa ngumi tu. Alikuwa amehama nchi na, kwa kauli ya baadhi ya waliomjua, dini pia, na waliobaki nyumbani walikuwa wakimsubiri arudi yuleyule aliyeondoka.

Sheria za kuvuka zimebadilika tangu hapo. Mwezi Agosti 1995, mwaka mmoja na mwezi mmoja baada ya kifo cha Wangila, raga ya wachezaji 15 iliruhusu malipo, marufuku ya karne nzima ikaondolewa, na kabla ya mwaka huo kwisha Jonathan Davies alikuwa amerudi Wales akiichezea Cardiff. Ndondi zilichelewa zaidi. Ni katika Olimpiki ya Rio de Janeiro ya mwaka 2016 ambapo mabondia wa kulipwa waliruhusiwa kushiriki kwa mara ya kwanza, na katika michezo hiyohiyo kofia ya kinga ikaondolewa kwa wanaume. Wangila angekuwa na umri wa miaka 48. Hadi Olimpiki ya Paris ya mwaka 2024, dhahabu yake ya Seoul ilikuwa bado ndiyo pekee ambayo Kenya imepata nje ya mbio.